Picha za Jana Zina Mwenyewe

Kila mwaka, siku ya 30 Juni inapokaribia, picha za mwaka 1960 hutolewa na kuonyeshwa tena: Mfalme Baudouin, Rais Kasa-Vubu, na Patrice Lumumba akisoma hotuba yake mbele ya wakubwa waliokusanyika Léopoldville, mji uitwao leo Kinshasa. Watoto hutazama kwa macho makubwa. Wazee waliokuwako hunyamaza. Lakini ni wachache wanaojiuliza: Picha hizi nani alizipiga? Siku zote zilikuwa zimelala wapi? Tena huyu anayetuonyesha leo, alipewa ruhusa na nani, na kwa bei gani?

Tumeona vema kuyaeleza mambo hayo kwa kirefu kidogo, maana iko kazi nzima juu yake, wako watu wanaoishi kwa kazi hiyo, na ziko sheria zinazoiongoza. Na kama wasomaji watakavyoona, yaweza kutokea watu wakashindwa kuitazama historia yao wenyewe kwa sababu ya karatasi iliyokwisha muda.

Mwenye kazi hiyo tumwite mtafuta picha. Mtu anapotaka kutengeneza filamu juu ya mambo yaliyopita, hawezi kurudi nyuma na kamera yake. Hana budi kutafuta yale yaliyopigwa na wengine siku ile ile. Basi humpa mtafuta picha orodha ya mahitaji: daraja fulani kabla halijabomolewa, mkutano fulani wa mwaka fulani, mtu fulani akishuka katika ndege. Naye huanza kuandika barua na kupekua madaftari ya maghala ya picha.

Maghala hayo ni ya namna nyingi. Mengine ni mali ya serikali, mengine ya kampuni za televisheni, mengine ni ya nyumba za zamani zilizokuwa zikionyesha habari za juma katika sinema kabla televisheni haijaenea. Pathé ya Uingereza, kwa mfano, ilianza kutoa habari za namna hiyo mwaka 1910, ikaacha mwaka 1970. Mwaka 2014 iliziweka filamu zake 85,000 katika intaneti, ili mtu yeyote apate kuzitazama. Kuzitazama tu, lakini! Atakaye kukata kipande na kukitia katika filamu yake mwenyewe hana budi kubisha hodi na kulipa. Hapo ndipo wengi wanapokosea: waona picha iko wazi mbele yao, wakadhani kilicho wazi hakina mwenyewe. Embe linaloning'inia juu ya njia laonekana na wapita njia wote, na mwembe una mwenyewe.

Ziko picha za bure pia. Kwa sheria ya Marekani, picha zilizopigwa na watumishi wa serikali kuu katika kazi yao hazina hakimiliki. Ndiyo maana safari ya kwenda mwezini ya mwaka 1969 imeonyeshwa katika filamu zisizo na idadi. Tena kampuni ya Universal, iliyotengeneza habari za sinema tangu mwaka 1929 hata 1967, iliitolea serikali ya Marekani ghala yake pamoja na haki zake katika miaka ya 1970. Zawadi kubwa, ingawa sehemu yake haikukaa siku nyingi. Filamu za zamani zilitengenezwa kwa nitrati, kitu kinachoshika moto upesi kuliko nyasi za kiangazi, tena hakizimiki kwa maji. Tarehe 7 Desemba 1978 moto ulizuka katika ghala moja la serikali huko Suitland, karibu na Washington, ukateketeza futi milioni 12.6 za filamu hizo za Universal. Yaliyoungua pasipo kunakiliwa hayataonekana tena.

Lakini moto si adui peke yake. Yuko adui mwingine asiye na moshi wala kelele, naye ndiye tunayetaka kumsimulia leo.

Henry Hampton alikuwa Mmarekani mweusi, mzaliwa wa mji wa St. Louis, aliyepatwa na polio utotoni akabaki na mguu dhaifu. Mwezi Machi 1965, akiwa kijana wa miaka 25, alikwenda Selma katika jimbo la Alabama. Huko watu weusi walikuwa wakidai haki ya kupiga kura. Jumapili tarehe 7 ya mwezi ule askari waliwapiga kwa virungu na kuwatupia moshi wa kutoa machozi walipokuwa wamekwisha kuvuka daraja la mji. Wapiga picha wa televisheni walikuwako. Jioni ile ile kampuni ya ABC ilikatiza filamu iliyokuwa ikionyeshwa, filamu iliyosimulia hukumu za Wanazi huko Nuremberg, ikaonyesha picha za daraja la Selma. Mamilioni ya Wamarekani waliokuwa wakiuhuzunikia uovu wa nchi nyingine waliuona uovu wa nchi yao sebuleni mwao. Miezi 5 baadaye sheria ya kura ilitiwa sahihi. Hatusemi kwamba picha peke yake ilifanya hayo. Damu ya watu ilifanya zaidi. Lakini bila picha wengi wangekana.

Hampton alifika Selma siku chache baada ya Jumapili ile, akaandamana pamoja na wengine kwa mguu wake ule ule. Tangu hapo alitamani mambo hayo yasimuliwe katika filamu na watu walioyapitia. Mwaka 1968 alianzisha mjini Boston kampuni ndogo iliyoitwa Blackside. Miaka mingi ilipita katika kutafuta fedha. Hatimaye, mwaka 1987, filamu yake ilionyeshwa katika televisheni ya umma ya Marekani kwa jina la Eyes on the Prize: saa 6 za kwanza juu ya miaka ya 1954 hadi 1965. Mwaka 1990 zikafuata saa 8 nyingine. Watafutaji wake walikuwa wamepekua maghala zaidi ya 80. Walikusanya picha za habari, picha za mnato, nyimbo zilizoimbwa gerezani na kanisani, wakaziunga pamoja na maneno ya watu waliohojiwa uzeeni. Filamu ilisifiwa kila mahali, na waalimu wakaitumia darasani mwaka hata mwaka.

Sasa tueleze karatasi ya ruhusa, maana pasipo kuijua hiyo mtu hataelewa yaliyotokea baadaye.

Ghala linapotoa kipande cha picha haliuzi kipande chenyewe. Lakodisha. Kwanza mtafuta picha hupewa nakala ya kutazamia, yenye namba zinazokimbia juu yake na jina la ghala katikati, isipate kuibwa. Mwunganishaji wa filamu huitumia hiyo mpaka kazi ikamilike. Ndipo zinapohesabiwa sekunde zilizobaki katika filamu, tena kwa makini kama mfanyabiashara wa dhahabu apimavyo vumbi lake, kwa kuwa bei huenda kwa sekunde au kwa dakika. Maghala mengi yana kipimo cha chini: ukitumia sekunde 8, huenda ukalipia 30. Kisha mkataba huuliza: Filamu itaonyeshwa nchi gani? Ni katika televisheni tu, au na katika majumba ya sinema, na kanda za kuuzwa, na intaneti? Na kwa muda gani, miaka 5, miaka 10, au milele? Kila neno linaloongezwa lapandisha bei. Neno «milele» ndilo ghali kuliko yote. Mkataba ukiisha kutiwa sahihi na fedha kulipwa, ghala hutoa nakala safi isiyo na namba.

Ukiwa na mfuko mwembamba, basi, wafanyaje? Wanunua miaka michache na kusema moyoni, «Mungu atajalia.» Ndivyo walivyofanya watu wa Blackside, nasi hatuwalaumu. Wangengoja fedha ya milele, filamu isingalitoka, na wazee wengi waliohojiwa humo wangalikufa na maneno yao.

Katikati ya miaka ya 1990 karatasi zilianza kufa moja moja. Filamu ya namna ile ni kama nguo iliyoshonwa kwa vipande mia. Kipande kimoja kikidaiwa na mwenyewe, nguo yote haivaliki. Televisheni haikuweza tena kuionyesha, wala kanda mpya hazikuweza kuuzwa. Zilibaki zile za zamani katika maktaba za shule, zikizidi kuchakaa kila zinapochezwa, na mtu binafsi aliyetaka kuzinunua mkononi mwa mwenziwe aliombwa bei kubwa mno. Hampton akafa mwezi Novemba 1998, akiwa na miaka 58, na kazi kubwa ya maisha yake imefungiwa. Wamezaliwa watoto wa Kimarekani, wamesoma, wamemaliza shule, pasipo kuiona katika televisheni ya nchi yao.

Mwanzoni mwa mwaka 2005 kikundi cha vijana kilichoka kungoja. Waliitia filamu katika intaneti bila ruhusa, wakawaalika watu waitazame majumbani na makanisani. Mawakili wa Blackside waliwataka waache. Msomaji asidhani kwamba mawakili hao walikuwa adui wa filamu: walijua kwamba wizi mmoja ungeweza kuwakasirisha wenye picha 80 waliokuwa wakibembelezwa wakati ule ule. Mwaka huo Mfuko wa Ford ulitoa dola 600,000, na tajiri mmoja, Richard Gilder, akatoa dola 250,000, ili wenye haki watafutwe upya na kulipwa. Mwezi Oktoba 2006 sehemu ya kwanza ilionekana tena katika televisheni. Ya pili ilingoja hata mwaka 2008. Fedha hiyo haikupiga picha mpya hata moja. Ilifungua mlango tu.

Tena kuna jambo linalowashangaza hata wenye elimu: kipande kimoja cha picha chaweza kuwa na wenyewe wawili, au watatu. Chukueni hotuba ya Martin Luther King ya tarehe 28 Agosti 1963 mjini Washington. Kamera za kampuni ya CBS zilikuwako, na picha zilizopiga ni za CBS bila shaka. Mwaka 1994 CBS ilizitumia katika filamu yake bila kuuliza mtu. Jamaa ya King ikaenda mahakamani, ikisema: picha ni zenu, maneno ni ya baba yetu. CBS ilijibu kwamba maneno yaliyosemwa mbele ya watu 200,000 na kurushwa duniani kote yamekuwa ya wote. Mahakama ya kwanza ilikubaliana na CBS. Mahakama ya rufani, mwaka 1999, ilikataa. Kuyasema maneno hadharani, ilisema, si kuyatupa. Baadaye pande mbili zikapatana. Basi Ava DuVernay alipotengeneza filamu ya maigizo iitwayo Selma, mwaka 2014, hakuwa na ruhusa ya hotuba za King, maana zilikuwa zimekwisha kuahidiwa kwa mwingine. Ilimbidi kumtungia King maneno mapya yenye mdundo wa yale ya kwanza. Wengi waliotazama hawakujua.

Na wimbo? Katika Eyes on the Prize kuna mahali ambapo wenzake King wanamwimbia wimbo wa siku ya kuzaliwa, ule wa Kiingereza unaojulikana dunia nzima. Wakati ule kampuni moja ilidai kuwa mwenye wimbo huo, ikatoza ada. Mwaka 2015 jaji wa California aliamua kwamba dai hilo halikuwa na msingi, na mwaka 2016 mambo yakamalizika, wimbo ukawa wa wote. Lakini kwa miaka mingi watengenezaji wa filamu walilipia watu waliokuwa wakifurahi tu mezani pao! Sisi twaona kwamba sheria ni njema pale inapompa mtunzi mkate wake, na kwamba imepotoka pale inapotoza ushuru juu ya furaha ya watu waliokufa zamani. Watengenezaji wa filamu za kweli wa Marekani waliona hivyo pia. Mwishoni mwa mwaka 2005 waliandika mwongozo wao, wakieleza ni lini mtu aweza kwa haki kutumia kipande kifupi pasipo kulipa, kwa mfano anapokikosoa au anaposimulia historia yake.

Turudi kwetu Kongo, kwa maana jambo hili latuhusu kuliko tunavyofikiri.

Raoul Peck alizaliwa Haiti mwaka 1953, akaletwa Kongo akingali mtoto, wazazi wake walipokuja kufanya kazi baada ya uhuru. Alipokuwa mtu mzima alitengeneza filamu juu ya kifo cha Lumumba, Lumumba, la mort du prophète, iliyotoka mwaka 1990. Sehemu kubwa ilipigwa katika baridi ya Brussels. Picha za Kongo ya mwaka 1960 alizozihitaji zilikuwa katika maghala ya Ulaya, nayo yalimtaka maelfu ya dola kwa dakika moja. Peck hakulificha jambo hilo. Aliitaja bei ndani ya filamu yenyewe, akaiweka kando ya kiasi ambacho Mkongo alikipata kwa mwaka mzima. Pale ambapo hakuwa na picha za kununua, alitia picha za nyumbani mwao na masimulizi ya mama yake, ambaye alikuwa amefanya kazi katika ofisi za mji wa Léopoldville. Kwa hiyo sauti ya mama mmoja ilijaza pengo ambalo fedha haikuweza kulijaza. Mwaka 2024 Mbelgiji Johan Grimonprez alitoa filamu ya dakika 150 juu ya mambo hayo hayo, Soundtrack to a Coup d'Etat, iliyoshonwa karibu yote kwa picha na sauti za zamani, akiwamo Louis Armstrong aliyekuja Kongo na tarumbeta yake mwishoni mwa mwaka 1960. Ni kazi kubwa. Lakini waliokuwa na uwezo wa kuilipia walikuwa Ulaya, kama yalivyo maghala yenyewe.

Hata picha za misioni zimo katika hesabu hii. Padri Albert Van Haelst wa shirika la Scheut alitengeneza huko Kasai, katika miaka ya 1950, filamu za kuchekesha za Matamata na Pilipili, na watu walizicheka sana. Filamu nyingi za wamisionari zahifadhiwa sasa Ubelgiji, katika nyumba kama KADOC ya Leuven. Zimetunzwa vizuri, nasi twashukuru. Katika joto na unyevu wetu nyingi zingalikuwa zimeoza. Lakini tazameni: sheria ya hakimiliki humtazama aliyeshika kamera. Aliyesimama mbele ya kamera, yule mama atwangaye, yule kijana aendeshaye baiskeli, haimwoni. Mara nyingi jina lake halikuandikwa hata kwenye kopo la filamu. Mjukuu wake akitaka leo kipande hicho apate kukionyesha kijijini, huomba kama mgeni mwingine yeyote. Ni kweli kwamba watunzaji wengi humsaidia anayetaka nakala ya nyumbani au ya darasa, tena kwa bei ndogo au bure. Basi waalimu wasiogope kuandika barua. Waseme wazi kwamba ni kwa ajili ya shule, wataje mahali na mwaka. Barua isemayo «twataka picha za zamani za Kongo» haijibiwi vizuri. Isemayo «twatafuta picha za parokia fulani kabla ya mwaka 1960» hujibiwa.

Na nyumbani je? Ndugu wengi wana kanda za video za ndoa, za mazishi ya babu, za upadrisho wa mtoto wa ukoo. Wadhani ni mali yao kwa kuwa walimlipa mpiga picha. Kanda ni yao, ndiyo. Lakini sheria ya Kongo ya tarehe 5 Aprili 1986 juu ya haki za watunzi humpa mtunzi haki juu ya kazi yake maisha yake yote, na warithi wake miaka 50 baada ya kifo chake. Kuitazama kanda na jamaa hakuna neno. Kuitia katika filamu ya kuuzwa ni jambo jingine. Karatasi moja yenye sahihi ya mpiga picha, iliyoandikwa siku ile ile anapolipwa, ikisema kwamba jamaa yaweza kunakili na kuonyesha kanda popote, yatosha kuondoa ugomvi wa kesho.

Kanda hizo za sumaku hazidumu kama jiwe. Rangi hufifia, ukungu huingia, na mashine za kuzichezea hazitengenezwi tena tangu mwaka 2016. Anayeweza azipeleke zikanakiliwe upesi, kwanza zile za watu waliokwisha kufa. Na kabla ya hapo, ziketini pamoja na mzee mmoja mwenye kumbukumbu njema, mzitazame polepole, mkiandika kwa penseli katika karatasi ya kutia ndani ya jalada: ni wapi, mwaka gani, nani alishika kamera, na majina ya watu, kuanzia wa kwanza kushoto.